Njia ya Mkokoteni Mmoja

Ukitaka kumwona Mama Vyungu akibadilika sura, mwambie "njoo kesho." Zamani maneno hayo hayakumgusa. Mfinyanzi ni mtu wa kesho: udongo aliouloweka leo ataukanda kesho, chungu atakachokiinua kesho atakisugua keshokutwa, na hata awe na haraka kiasi gani, udongo haumsikilizi. Lakini kesho ya udongo hufika. Kesho ya kituo cha polisi, kama alivyokuja kuijua, ni ya kumwondolea mtu mlangoni tu.

Alikuwa mwanamke wa makamo, mfupi, mwenye mikono minene na sauti isiyohitaji kipaza. Aliolewa katika nyumba ile akiwa hajui tofauti ya udongo wa kufinyanga na tope la barabarani. Mama mkwe wake ndiye aliyemfundisha, na alimfundisha kwa kumgonga vidole na mwiko kila alipoacha ukingo wa chungu mnene upande mmoja. Mama mkwe akafariki, mume naye akafuata, na kazi ikabaki mikononi mwake: vyungu vya kupikia, mitungi, majiko, na vyungu vya maua vya watu wenye bustani. Alibaki na wifi yake, dada mkubwa wa marehemu, mwanamke mrefu mwenye maneno mengi, aliyekanda udongo, akapanga vyungu kwenye chanja na kubishana bei na wateja. Kitu kimoja tu wifi hakukigusa, nacho ni tanuri.

"Mimi na moto hatuelewani," alisema kila alipoulizwa. "Nikiutazama tu, unanuna."

Kwa hiyo moto ulikuwa wa Mama Vyungu peke yake. Tanuri lilijengwa kwa matofali nyuma ya nyumba, refu kumpita mwenyewe, na siku ya kuchoma alikaa mbele yake kwenye kigoda tangu alfajiri hadi jua kuzama. Asubuhi ni moto mdogo wa kupasha, kwa sababu chungu kibichi, hata kikionekana kikavu, bado kina maji mwilini. Ukikiharakisha, maji yanageuka mvuke na kukipasua. Alikuwa na kipande cha kioo alichokishikilia juu ya tundu la kutolea moshi. Kioo kikitoka jasho, bado. Kikikaa kikavu, sasa weka kuni. Na moto ukishawashwa hauachwi, aliyeuwasha ndiye anayekaa nao mpaka mwisho. Aliwahi kukosa harusi ya binti wa shangazi yake kwa sababu ya moto, na shangazi huyo amemnunia mpaka leo.

Nyumba yao haikugusa barabara. Baba mkwe, enzi zake, aliuza kipande cha mbele, lakini kabla ya kuuza aliacha njia. Hakuwa na futi ya kupimia. Alipakia mitungi kwenye mkokoteni, akausukuma kutoka tanurini hadi barabarani, binti yake akitembea kando, na kila upande walikopita akapanga mawe. Njia ya mkokoteni mmoja na mtu wa kuupisha, alisema, na mnunuzi akakubali mbele ya watu. Yule binti aliyetembea kando ndiye wifi huyu.

Kipande kile kilipita mikono kadhaa, mwishowe kikaangukia kwa jamaa mmoja aliyeitwa Mheshimiwa. Usidanganywe na jina. Aligombea uongozi mara mbili na kuangushwa mara zote mbili, lakini cheo alichonyimwa na wapiga kura alijipa mwenyewe, na watu kwa uvivu wa kubishana wakamwachia. Akajenga ghorofa. Kisha asubuhi moja Mama Vyungu akatoka na kukuta geti la chuma limesimama katikati ya njia, lina kufuli, na pembeni pameachwa upenyo wa kupita mtu mmoja akijibana. Mawe ya baba mkwe yalikuwa yameng'olewa na kuzungushwa kwenye maua ya Mheshimiwa.

Mama Vyungu akaenda kumgongea.

"Mheshimiwa, hii ni njia yetu."

"Njia si ipo, mama? Hapa umefikaje?"

"Nimepita ubavu ubavu. Na mkokoteni upite ubavu?"

"Basi niuzie tu uwanja wenyewe, upumzike. Mimi nitakununulia kwa wema. Moshi wako unanichafulia mapazia kila siku, mbona mimi navumilia?"

Kwa wema! Mtu amekuziba pumzi, halafu anajisifu kwamba hajakukaba kwa mikono miwili. Mama Vyungu alirudi nyumbani, akafinyanga chungu akakibomoa, akafinyanga kingine akakibomoa, mpaka wifi akamnyang'anya udongo.

Kuanzia hapo kazi ikawa ya kufa na kupona. Udongo uliingia kwa ndoo, ukipitishwa juu ya ukuta wa uwanja, maana upenyo haukutosha mtu na ndoo. Vyungu vilitoka vivyo hivyo, mwanamke mmoja ndani na mwingine nje juu ya ngazi, na vingi viliishia kuwa vigae. Mitungi mikubwa na majiko havikutoka kabisa. Wateja wa bustani walikuja, wakaona upenyo, wakatazama matumbo yao, wakaenda kununua vyungu vya plastiki.

Akafungua kesi. Alipewa wakili wa msaada wa kisheria, binti mdogo wa umbo, aliyevaa viatu vya kutembelea vumbi na kuandika maneno makali kuliko alivyoyasema. Hakimu alikuja kupaona mahali penyewe. Wifi, mwenye maneno mengi, siku hiyo hakusema hata neno. Alitembea tu kutoka tanurini hadi barabarani kama alivyotembea utotoni, na kila alipofika penye shimo la jiwe lililong'olewa alisimama na kulinyooshea kidole. Wakashinda. Geti litolewe, njia iwe wazi.

Mtu angedhani hapo hadithi imekwisha. Mama Vyungu naye alidhani hivyo, maskini, mpaka siku dalali wa mahakama alipokwenda kuling'oa geti. Alikuta vijana wa Mheshimiwa wamelikalia, na mapanga magotini. Mmoja wao alikuwa akinoa lake taratibu, kwa mapumziko marefu, huku akimtazama dalali shingoni. Dalali alikuwa baba wa watu na hakuwa amezaliwa jana. Aliondoka mbio kiasi kwamba kiatu chake kimoja kilibaki.

Mama Vyungu akaenda kituoni. Askari wa zamu alimsikiliza huku akichokonoa meno.

"Hiyo ni kesi ya madai, mama. Sisi hatuingilii."

"Wana mapanga, afande."

"Wamekukata?"

"Bado."

"Basi wakikukata, njoo."

Alimtazama yule askari aone kama anatania. Hakuwa anatania. Akaenda moja kwa moja kwa wakili, na kwa mara ya kwanza tangu mumewe azikwe, alilia mbele ya mtu mwingine. Alilia kwa hasira, na alitaka ieleweke hivyo.

"Yaani mpaka niwapelekee damu yangu kwenye kopo?" alisema.

Wakili akaandika maombi mapya. Hakimu akayasoma, akakunja uso, akatoa amri nyingine: mkuu wa kituo atoe askari wa kumlinda dalali na Mama Vyungu mpaka geti liondolewe. Amri ile ilikuwa na ukomo wake, mwisho wa mwezi. Baada ya hapo ingebidi kuanza upya, na wakili alimwonya kwamba kuanza upya ni kumpa Mheshimiwa nafasi ya kukata rufaa juu ya rufaa mpaka wote wazeeke.

Akaipeleka amri kituoni. Ikapigwa muhuri. Kisha ikaanza ile ngoma ya njoo kesho. Leo gari bovu. Leo mkuu yuko semina. Leo askari wote wamekwenda uwanjani, kuna mechi.

"Hiyo mechi ina amri ya mahakama?" Mama Vyungu aliuliza.

"Mama, punguza ukali."

"Na nyinyi punguzeni mipira."

Kila asubuhi alivaa kitenge chake kizuri, akaketi kwenye benchi la kituo, na kila jioni akarudi nacho kimejikunja matakoni. Na siku zote hizo hakuthubutu kuwasha tanuri, maana akiwasha hawezi kuondoka, na asipokuwepo polisi watapata kisingizio. Vyungu vibichi vikajaa chanja, vikajaa baraza, vikaingia mpaka chumbani alikolala wifi. Mawingu nayo yakaanza kujikusanya. Chungu kibichi kikinywa unyevu wa mvua kinarudi kuwa udongo, na pale ndani kulikuwa na kazi yao ya msimu mzima.

Ikafika siku ya mwisho wa mwezi. Hakuna aliyekuwa amewaambia lolote.

"Wifi, choma," wifi alisema. "Hao hawaji. Angalau tusikose vyote."

Alfajiri Mama Vyungu akapanga vyungu ndani ya tanuri, vikubwa chini, vidogo juu, akaziba mlango kwa matofali na udongo, akawasha moto mdogo, akaketi kwenye kigoda chake. Moyo ulikuwa mzito, lakini harufu ya moshi ilimtuliza kidogo. Jua lilikuwa limeshapanda aliposikia honi.

Ni polisi. Baadaye ndipo alipojua kilichowaleta: wakili alikuwa ameandika kituoni kwamba amri ikipita bila kutekelezwa, mkuu wa kituo ataitwa mwenyewe kizimbani ajieleze. Mkuu yule, aliyeshindwa kumlinda mjane mwezi mzima, alijua kujilinda mwenyewe asubuhi moja tu. Gari lililokuwa bovu likapona. Askari wakashuka na bunduki, dalali nyuma yao na nyundo na mashine ya kukatia chuma, na wale vijana wa mapanga wakageuka ghafla kuwa wapita njia.

Aliyewaongoza alikuwa koplo mmoja mwenye viatu vilivyong'aa.

"Mwenye amri nani?"

"Mimi hapa, afande. Karibuni. Geti lile pale."

"Hatuanzi hivi hivi. Twende kwanza kituoni ukasaini kitabu cha matukio, kwamba tumekuja. Ndipo tukate."

"Si mmekuja? Mimi nawaona, na majirani wote wanawaona."

"Utaratibu, mama."

"Afande, nimewasha tanuri. Nikiondoka sasa vyungu vyangu vyote vinapasuka."

"Zima."

"Halizimwi likishawaka. Vitapasuka vilevile."

"Basi tusubiri limalize."

"Linamaliza jua likizama."

Koplo akatazama saa yake. "Amri nayo inamaliza leo. Muda wa kazi ukiisha, mimi nageuza gari."

"Basi leteni hicho kitabu hapa. Nitasaini nikiwa nimekaa."

"Kitabu hakitoki kituoni."

"Kwa nini?"

"Hakitoki tu."

Hebu fikiria. Kitabu, karatasi na gundi, hakiwezi kupanda gari. Lakini mwanamke aliyetegemea moto ule kupata chakula chake anaweza kuuacha akapande. Mama Vyungu alimtazama wifi. Alilitazama tanuri, moshi wake mweupe ukipanda polepole, na ndani yake vyungu ambavyo kila kimoja alikijua kwa mkono. Angekaa, vyungu vingepona, kisha angevipitisha wapi? Juu ya ukuta, kimoja kimoja, mpaka siku atakayoshindwa kupanda ngazi.

Mheshimiwa alikuwa amesimama barazani kwake, kikombe cha chai mkononi.

"Mama, wewe shughulikia vyungu vyako," akasema kwa upole wa kuudhi. "Haya mengine si hata kesho yapo?"

Kesho! Mama Vyungu akainuka kwenye kigoda.

Akampa wifi kipande cha kioo. "Shikilia hapa juu ya tundu. Kikitoka jasho, usiongeze kuni. Hata kama moto umelala, usiongeze. Umenisikia?"

"Wifi, mimi na moto…"

"Leo mtaelewana."

Akapanda gari la polisi na nguo zake za kazi, masizi usoni. Kituoni, askari wa zamu ni yule yule wa meno. Alitafuta kalamu, ikawa haiandiki. Akaenda kuazima nyingine chumba cha pili, akakuta wenzake wana maongezi, akachangia. Mama Vyungu alisimama kaunta akipiga vidole juu ya ubao, na kila kidole kilichopiga alimwona wifi akiinama mbele ya moto. Mwishowe akasaini. Yote yalikuwa mstari mmoja na jina lake.

Waliporudi, mashine ikaanza kulia kwenye vyuma. Cheche zikaruka. Ndipo kutoka nyuma ya nyumba ikasikika: pa!

Askari wakainama wote, wengine wakaelekeza bunduki ghorofani. Koplo alijikunyata nyuma ya gari.

"Nani anapiga risasi?"

"Hakuna risasi, afande," Mama Vyungu akasema. "Ni mtungi."

Pa! Chungu cha pili. Kisha viwili kwa pamoja. Wifi akaja mbio, mikono imejaa masizi, machozi yamechora njia mashavuni.

"Wifi, kioo kimeshika masizi, sikuona jasho wala nini! Moto ulitaka kufa kabisa. Nimeongeza kidogo tu, wallahi, kidogo tu!"

Mama Vyungu akageuka aende. Dalali akamwita. "Mama, tuonyeshe mwisho wa njia. Hizi nguzo tunazing'oa au tunaziacha?"

Ndiyo hiyo. Nguzo zikibaki, geti litarudi kabla vumbi halijatulia, na mkokoteni hautapita. Na waliojua mashimo ya mawe yalipokuwa ni wao wawili, na mmoja wao wakati huo alikuwa hafai kitu kwa kilio. Akabaki. Alitembea mbele ya dalali, akisimama penye kila shimo na kukanyaga kwa kisigino. "Hapa. Na hapa. Nguzo hii imeingia njiani, toa. Na hii toa." Huko nyuma vyungu viliendelea kupasuka, na kila kilipopasuka bega lake lilishtuka, lakini hakugeuka. Wifi alimshika nguo kwa nyuma kama mtoto. Mheshimiwa aliingia ndani na kufunga mlango.

Nguzo ya mwisho ilipoanguka, Koplo akajipangusa vumbi na kunyoosha mkono.

"Hongera, mama. Haki imetendeka."

Hakuupokea mkono. "Sikiliza," akasema. Wakasikiliza. Pa. "Hiyo ndiyo saini niliyokwenda kukuwekea kitabuni."

"Mama, mimi nafuata utaratibu tu."

"Najua. Utaratibu ungepanda gari ukaja, nisingekuwa na neno na wewe."

Koplo alitazama viatu vyake, ambavyo havikung'aa tena, akawaamuru askari wapande.

Tanuri halifunguliwi likiwa na moto, kwa hiyo walisubiri lipoe. Mama Vyungu alipobomoa mlango, alitoa vigae kwa beleshi. Chini kabisa vilipona vyungu vichache vya maua, vimeinama upande. Wifi aliketi chini akishika ukingo wa mtungi uliokuwa mkubwa kuliko yote, akaomba radhi mpaka sauti ikakauka.

"Nyamaza," Mama Vyungu akamwambia. "Si wewe uliyevipasua. Ungekuwa wewe, ningekupiga na mwiko wa mama yako."

Wakili alikuja, akaona, akasema watafungua kesi ya kudai fidia. Mama Vyungu alimsikiliza kwa heshima na kumpa chai. Alikuwa amefurahi kuwa na njia na amekasirika kiasi cha kuumwa kichwa, na hakuona sababu ya kuchagua kimoja. Kisha akauliza kuhusu mawe ya baba mkwe. Wakili akapekua amri mara mbili. Amri haikutaja mawe. Yalikuwa bado yamezunguka maua ya watu.

Basi wakabeba vigae. Kwa ndoo, kwa karai, kwa upande wa kanga. Vipande vikubwa, vile vyenye ukingo, wakavisimika kwenye mashimo ya mawe, pande zote mbili, kutoka tanurini hadi barabarani. Vidogo wakavimwaga katikati, penye tope, wakavishindilia kwa mchi. Mheshimiwa alichungulia dirishani.

"Mama, hivyo vitanitoboa matairi!"

"Gari lako lina njia yake, Mheshimiwa. Hii ni ya mkokoteni."

Mvua ilipokatika, alikuja mzee mwenye mkokoteni, ambaye hakuwa ameingia ndani tangu geti liwekwe, amepakia udongo mbichi wa kwanza. Alifika mwanzo wa njia akasimama. Alitazama vile vigae vyekundu, vingine bado vina alama ya vidole.

"Mama Vyungu, si ni kazi yako hii? Nitaikanyagaje?"

Mama Vyungu alikuwa ameshapiga magoti kando ya tanuri, akiziba ufa.

"Pita tu, baba," akasema. "Imeshalipiwa."

Mzee akausukuma mkokoteni, na magurudumu yakaingia yakivunja vigae hadi penye tanuri, wifi akitembea kando.